MREJESHO: Nimetoka kwenye kile kikundi cha maombi
Habari zenu wakuu. Mimi ni yule dada wa Moshi niliyeuliza nitatokaje kwenye kikundi kinachotupangia hata wa kuoana naye, na kutukataza misiba ya ndugu "wasiookoka".

Nimetoka. Kama mlivyosisitiza, kwanza nilichukua kitambulisho cha NIDA na kadi ya benki kwa mama mlezi wa kikundi. Nilimwambia nakwenda kusajili laini (Mungu anisamehe), nikapanda Hiace mpaka Marangu kwa bibi. Bibi hakuuliza kitu. Alinipakulia mtori, nikalia mpaka ukapoa.

Ibadani nikatangazwa nina pepo la uasi. Marafiki wote wamenibloku, na hilo linauma kuliko zaka za miaka minne.

Aliyenitajia Ibara ya 19 ya Katiba ya 1977, kwamba mtu ana uhuru hata wa kubadilisha dini, asante sana. Walipokuja watatu kunirudisha niliwasomea kwa sauti, balozi wa nyumba kumi akiwepo. Waliondoka bila kunywa chai.

Juzi nilisimulia yote kwenye kikao cha ukoo. Baadaye mtoto wa shangazi, ambaye bado yumo, alinifuata jikoni akaninong'oneza: "Dada, kadi yangu nitaipataje?"