Ushauri: diski za mbele za WRX, usukani unatetemeka nikikanyaga breki (niko Mtwara)

Shangani_Boksa
Wakuu, salaam. Gari ni Subaru Impreza WRX ya 2004, gia za mkono, mbele ina kalipa (mikono inayobana pedi kwenye diski) za pistoni nne na diski za milimita 294 kwa 24. Dalili ni mbili. Ya kwanza, nikikanyaga breki nikiwa kwenye 100 au 110 usukani unatetemeka. Nikiwa 40 sisikii kitu. Ya pili, nikishuka kutoka Newala upande wa Masasi pedeli inakuwa laini na kuzama karibu na sakafu, nikipumzisha gari inarudi yenyewe. Diski zilishaskimiwa (zilichongwa uso), mtetemo ukaisha, baada ya miezi kadhaa ukarudi palepale. Pedi bado nene.

Kuna jamaa Dar ana diski za matobo na mistari, anasema ndizo za magari ya mbio. Mwingine anashauri nifunge kabisa breki za Brembo za STI (toleo kali zaidi la WRX), used. Nichukue zipi, na nikishafunga nizitunzeje kwa hewa yetu hii ya chumvi? Nawasilisha.

Spana14
Mkuu, usitume hela bado. Hapo una magonjwa mawili na diski mpya itatibu moja tu, tena kwa muda.

Pedeli kuwa laini baada ya mteremko na kurudi ikipoa ni mafuta ya breki kuchemka. Mafuta yakichemka yanatoa mvuke, mvuke unabanwa, mguu unazama. Kama ingekuwa pedi zimezidiwa na joto, pedeli ingebaki ngumu kama kawaida ila gari halishiki. Tofautisha hizo mbili kabla hujamlipa fundi yeyote.

Mafuta hayo yanafyonza unyevu hata ukiwa umefunga kifuniko, na huku pwani unyevu haukosekani. DOT ni daraja la mafuta ya breki. DOT 3 mpya inatakiwa ichemke si chini ya nyuzi 205. Ikishabeba maji asilimia 3.7 kiwango kinashuka hadi 140. DOT 4 ni 230 na 155. DOT 5.1 ni 260 na 180. Kwa gari lako weka DOT 4 nzuri au 5.1, na ubadilishe kila mwaka. DOT 5 (isiyo na nukta moja mbele) ni ya silikoni, haichanganywi na hizo nyingine, usiiguse.

Nunua lita moja, inatosha kusukuma ya zamani yote itoke. Kwa Subaru ya umri huo mpangilio wa kutoa upepo ni mbele kulia, nyuma kushoto, mbele kushoto, nyuma kulia. Kalipa yenye nipeli (skrubu ya kutolea upepo) mbili fungua zote. Halafu weka kipande cha ubao chini ya pedeli ili isishuke hadi mwisho: ndani ya masta silinda (pampu kuu ya breki) ya zamani kuna sehemu ambayo sili (raba ya kuzibia) haijawahi kufika, ina kutu, ukiilazimisha inachana sili na umejiongezea kazi.

Nyangao_Rally
Chukua za matobo kaka, gari linapendeza.

Binti_Mitwero
Kupendeza sawa, ila tuelezane ukweli. Matobo yalikuwa na maana pedi zilipokuwa zinatoa gesi nyingi zikipata moto. Pedi za leo hazitoi kiasi hicho. Unachopata ni chuma pungufu cha kubeba joto, na kila tobo ni mahali pa kuanzia ufa. Angalia diski ya matobo iliyokimbizwa sana: utaona vinyufa kama nywele vinatoka kwenye tobo moja kuelekea lingine. Vikifika ukingoni diski inatupwa.

Ya mistari haina shida hiyo na inakwangua vumbi na maji vizuri, lakini inakula pedi haraka na ina mlio. Kwa barabara, chaguo langu ni diski isiyo na urembo, ya chuma cha kutupwa, yenye njia za hewa katikati, iliyopakwa rangi ya kijivu ya kuzuia kutu kwenye kofia (sehemu ya katikati iliyoinuka) na ndani ya njia za hewa. Hiyo rangi ndiyo unayoilipia ukiishi Lindi au Mtwara. Kwenye uso inakwanguliwa na pedi siku ya kwanza, hiyo ni kawaida.

Hesabu kidogo kwa wanaodhani mteremko ni jambo dogo. Gari la kilo 1,500 likisimama kutoka 120 linaacha kilojuli 830 hivi kwenye breki. Kutoka 60 ni 208 tu, yaani mwendo ukizidi mara mbili joto linazidi mara nne. Sasa gari hilohilo likishuka kimo cha mita 300 kwa breki peke yake linamwaga kilojuli 4,400: kama kusimama kutoka 120 mara tano mfululizo, tena kwa mwendo mdogo ambao hauleti upepo wa kupoza. Kwa hiyo shuka na gia ya pili au ya tatu, breki kanyaga kwa nguvu kwa muda mfupi kisha achia. Kuuwekea mguu muda wote ndiko kunakochemsha mafuta.

Shangani_Boksa
Dada nimekuelewa. Je, mtetemo? Fundi kasema diski zimepinda.

Binti_Mitwero
Mara nyingi hazijapinda, zimekuwa na unene usiolingana. Tofauti ya milimita 0.02 tu mguu na usukani vinaisikia. Inatokana na mambo mawili. Moja, diski haikukaa sawa kwenye habu (kitovu cha gurudumu), inayumba kidogo, kila mzunguko inagusa pedi palepale hata hujakanyaga, baada ya kilomita elfu kadhaa pale pameliwa. Mbili, umesimama ghafla breki zikiwa moto na ukabaki umekanyaga, pedi ikaacha alama yake kwenye uso. Sehemu hiyo ikiendelea kupata moto mwingi chuma kinabadilika ndani na kuwa kigumu kuliko jirani zake. Ukiskimu unaondoa uvimbe, ugumu unabaki chini. Ndiyo maana mtetemo wako umerudi.

Spana14
Pima, usikisie. Fungua gurudumu. Pembeni ya diski au kwenye kofia yake pameandikwa MIN TH, yaani unene wa chini unaoruhusiwa. Kwa hizo za 24 ni 22. Chukua maikromita, pima sehemu nane kuzunguka, kila mahali milimita 10 hivi kutoka ukingoni. Venia ya kawaida itakudanganya kwa sababu inakaa juu ya mdomo wa kutu ulioachwa na pedi. Tofauti kati ya sehemu nene na nyembamba ikizidi 0.02 umeshapata mchawi.

Kisha rudisha nati zote tano na washa zake, kaza diski ikae, weka saa ya kupimia myumbo yenye sumaku kwenye nguzo ya shokamzoba, zungusha kwa mkono. Myumbo unaotakiwa ni 0.05 kushuka chini.

Na uchungulie njia za hewa kwa tochi. Huku kwetu diski inaweza kuwa na unene mzuri lakini kuta za ndani zimeliwa na kutu hadi zinamomonyoka magamba. Hiyo haiskimiwi. Inatupwa.

Mzee_wa_Ligula
Kijana, mbele ya yote safisha habu. Ile kutu kati ya habu na diski ndiyo mwanzo wa matatizo mengi, na mafundi wengi wanairuka kwa kuwa haionekani ukishafunga. Punje ya kutu ya 0.05 kwenye habu, ukifika ukingo wa diski inakuwa kama 0.1, maana ukingo uko mbali mara mbili kutoka katikati.

Diski ya Subaru ina matundu mawili ya nyuzi kwenye kofia. Ingiza bolti mbili za M8, kaza kidogokidogo kwa zamu, diski inajisukuma yenyewe. Asije mtu na nyundo, anaharibu beringi. Ya nyuma ina handbreki ya bregi shuu (viatu vya breki) ndani ya kofia, hivyo legeza kwanza kupitia kile kitundu chenye kizibo cha mpira, la sivyo utavuta hadi jioni.

Brashi ya waya, msasa namba 120, sugua uso wa habu na kuzunguka kila stadi (bolti ya gurudumu) mpaka chuma king'ae. Grisi usijaze, kidogo sana ya shaba kwenye mdomo wa katikati inatosha, uso wa kukalia diski uache mkavu. Diski mpya ina mafuta ya kuzuia kutu, ioshe kwa spreyi ya breki au kwa maji ya moto na sabuni, ikaushe hapohapo. Mafuta ya taa hapana.

Shangani_Boksa
Nimepima kwa vifaa vya kuazima. Kushoto 22.3, kulia 21.9. Kulia tofauti ya unene ni 0.04 na myumbo 0.14, baada ya kusafisha habu myumbo umeshuka hadi 0.06. Pedi ya ndani kulia imebaki milimita 4, ya nje 7.

Spana14
Kulia imeshapita mpaka, kushoto inasubiri tu. Badilisha pea. Kwa huo myumbo, diski mpya ikikataa kushuka chini ya 0.05 ivue, izungushe nafasi ya stadi moja, pima tena. Una nafasi tano, mara nyingi moja inakubali.

Pedi kuliwa upande mmoja kwenye kalipa ya pistoni nne ni pistoni za ndani kukwama. Kalipa hiyo haiteleziki kwenye pini kama ya Forester ya kawaida. Toa pedi, zuia pistoni tatu kwa vipande vya mbao, mwambie mwenzako akanyage taratibu uone ya nne inavyotoka. Inayosuasua isafishe, ikiwa ina vidonda vya kutu nunua pistoni mpya na seti ya sili. Kilainishi cha ndani ni mafuta ya breki yenyewe au grisi maalumu ya mpira. Grisi ya beringi inavimbisha sili.

Pedi mpya angalia herufi mbili ubavuni: ya kwanza ni mshiko wa kawaida, ya pili ni mshiko ikiwa moto. EE achana nayo kwa gari la turbo. Tafuta FF, au GG ukivumilia vumbi na kelele za asubuhi. Pedi kuukuu usizirudishe kwenye diski mpya.

Turbo_Masasi
Kuhusu Brembo za STI: diski yake ya mbele ni 326 kwa 30, inataka rimu ya 17 na si kila 17 inapita. Kuanzia toleo la 2005 STI ilihamia stadi za 114.3 (kipenyo cha duara la stadi kwa milimita), wewe una 100, hivyo diski ya STI mpya haiingii kwenye habu yako. Nyuma nako kuna mtego: ngoma ya handbreki ndani ya diski ina saizi mbili, 170 na 190. Watu wananunua seti, inafika na basi, handbreki haifungi. Ukibadilisha mbele tu unahamishia kazi mbele, nyuma inabaki mtalii. Kwa gari la barabarani lisilokwenda mashindanoni, diski nzuri za 294, pedi na mafuta vinakutosha.

Na kwa wanaonunua diski zenye njia za hewa zilizopinda: zina kulia na kushoto. Mwisho wa ndani wa njia ndio unaotangulia gurudumu likienda mbele, wa nje unafuata, ili hewa isukumwe kutoka katikati kwenda nje. Wengi wanafunga kwa kutazama mistari ya usoni, wanakosea.

Binti_Mitwero
Ukishafunga, usiende moja kwa moja Newala. Toka alfajiri kwenye kipande kilichonyooka nje ya mji, pasipo vijiji wala malori ya saruji nyuma yako. Kutoka 90 shuka hadi 20 kwa breki imara, usisimame, kanyaga mafuta rudi 90. Mara nane hadi kumi mfululizo. Kaharufu kidogo ni kawaida. Kisha tembea dakika kumi bila kugusa breki kadiri inavyowezekana. Ukilazimika kusimama tumia handbreki, mguu uondoe kwenye pedeli. Uso utakuwa na rangi moja ya kijivu ya bluu kwa mbali. Ukiona mabaka, rudia.

Mzee_wa_Ligula
Nati za gurudumu zikazwe kwa nyota, spana ya torki, kama Nm 100. Ile mashine ya upepo ya kwa waziba pancha inakaza moja kupita nyingine na diski inavutwa upande.

Shangani_Boksa
Asanteni sana. La mwisho: gari huwa linakaa wiki mbili tatu bila kutembea, nyumba iko karibu na bahari.

Mzee_wa_Ligula
Egesha kwenye gia na vigingi, handbreki achia. Ukiacha imekaza, bregi shuu inashikana na ngoma kwa kutu. Kabla ya kuegesha hakikisha diski ni kavu: baada ya kuosha zunguka kidogo ukikanyaga breki mara tano sita. Ukitoka safari ndefu usiwaruhusu vijana wa kuosha wamwagie maji ya baridi kwenye rimu zikiwa moto, wasubiri nusu saa. Kutu nyekundu ya usiku mmoja isikutishe, inafutika kabla hujafika Mikindani. Ikibaki alama ya umbo la pedi na unasikia "dug, dug, dug" kwa mwendo mdogo, rudia ile kazi ya alfajiri. Isipotoka baada ya hapo, skimu mara moja tu kama unene unaruhusu.

Spana14
Na chupa ya mafuta ya breki iliyobaki usiiweke stoo umalizie mwakani. Ikishafunguliwa inafyonza unyevu kama ile iliyoko kwenye gari. Ile lita moja inunue kwa chupa ndogondogo.