Steve Martin na banjo yake: anatambuliwa kweli?

Msikilizaji wa Tanga: Ndugu wanajukwaa, salaam. Kila ninapomwekea mtu santuri ya banjo ya Steve Martin, yule mchekeshaji wa Marekani, hucheka kabla hata uzi haujaguswa, kwa kuwa anamkumbuka kwenye filamu. Je, wanamuziki wa bluegrass, ule muziki wa kiasili wa Marekani unaopigwa kwa ala za nyuzi, wamemkubali, au ni jina tu linalouza?

Mzee wa Gramafoni: Wamemkubali. Miaka ya 1970 banjo ilikuwa sehemu ya maskhara yake jukwaani, sawa na ule mshale wa bandia aliouvaa kichwani, lakini albamu yake ya mwaka 1981 tayari ilikuwa na upande mmoja wa vichekesho na upande mwingine wa banjo tupu. Baadaye alishiriki na Earl Scruggs, gwiji wa kudonoa kwa vidole vitatu, katika rekodi iliyopata tuzo ya muziki ya Grammy mwaka 2002, na albamu yake mwenyewe ya mwaka 2009 ikapata nyingine.

Mwanahawa: Kaka, tuzo zisitupumbaze. Eddie Murphy, mchekeshaji mwenzake, alitoa wimbo mwaka 1985 uliofika nafasi ya 2 katika chati ya Billboard ya Marekani, na mpaka leo wengi wanauona kama mzaha wa tajiri. Ninachomheshimu nacho Martin ni kwamba mwaka 2010 alianzisha tuzo ya dola 50,000 kwa wapiga banjo wengine, ambao majina yao hayajazi ukumbi.

Fundi Udi: Anayetaka kumpima asikilize dole gumba. Banjo ya nyuzi tano ina uzi mmoja mfupi, ambao kigingi chake kimechomekwa ubavuni mwa shingo, na katika mtindo wa kale anaoupenda Martin mkono hushuka kama ukucha huku dole gumba likiugusa uzi huo baada ya pigo. Dole likichelewa kidogo tu, wimbo mzima hupwaya, na hapo umaarufu haumsaidii mtu. (Uzi huo mfupi, kwa taarifa yenu, upo pia kwenye akonting, ala ya nyuzi ya Wajola wa Senegal na Gambia, kwa maana banjo ilizaliwa mikononi mwa Waafrika waliopelekwa utumwani.) Akiwa na bendi ya Steep Canyon Rangers bado hutania kati ya wimbo na wimbo, ila hautanii wimbo wenyewe.

Msikilizaji wa Tanga: Nawashukuru. Jioni hii nitamwekea jirani yangu bila kumtajia jina la mpigaji.