Mkono wa mama ulilala tangu mwezi wa nne, juzi umemfukuza kuku. Umetoka wapi?

Binti Mikindani

Wakuu, habari za jioni. Nina swali linanisumbua, na huku nyumbani kila ninayemuuliza ananijibu "mshukuru Mungu". Namshukuru sana, ila na kujua nataka.

Mama yangu ana miaka 61. Tangu nipate akili namjua kwa kazi moja, kubangua korosho za kuuza barabarani. Anazikaanga kwenye bati, zikishika moto anazimwagia mchanga, zikipoa anakaa mkekani na kigogo chake. Anagonga mara moja tu na punje inatoka nzima. Ukigonga mara ya pili anakucheka.

Mwezi wa nne, alfajiri, akaanguka anachota maji ya udhu. Kiharusi. Upande wote wa kulia ukalala, mdomo ukaenda upande, maneno yakapotea. (Kimakonde kilianza kurudi wiki ya pili, Kiswahili kikachelewa sana. Hilo nalo mwenye jibu anisaidie.)

Hospitali tukaambiwa seli za ubongo zikifa zimekufa, haziwezi kuota tena. Tukakubali. Tukawa tunamlisha kwa kijiko, maana kula kwa mkono wa kushoto alikataa katakata, anasema hajafikia huko. Tunamvisha, tunamchana, kila kitu sisi.

Sasa juzi nimeanika korosho za mwanzo kwenye ungo, mama kakaa pembeni. Kuku akaja kupekua. Mama akamfukuza. KWA MKONO WA KULIA. Nikadhani macho yangu. Nikamwambia hebu rudia mama, akajaribu, mkono ukatetemeka ukaishia pajani. Lakini jioni nikamwekea korosho moja iliyomenywa kiganjani, akaishika kwa gumba na kidole cha shahada, labda sekunde tatu, ikadondoka.

Swali langu: kama seli zilikufa na hazioti, aliyemfukuza kuku ni nani?

Kambi ya Mabibo

Naweka kambi hapa. Mimi nasema huyo kuku asichinjwe, ndiye daktari. Pole sana dada, mpe mama salamu.

Mazoezi Lindi

Pole dada. Mimi ni daktari wa mazoezi, niko Lindi, na wagonjwa wa kiharusi ndio wengi kwangu.

Hospitali hawakukudanganya, ila walikupa nusu ya habari. Zilizokufa zimekufa kweli. Lakini mkono hauendeshwi na seli moja moja kama swichi na taa. Unaendeshwa na mawasiliano ya seli nyingi mno, na hayo mawasiliano hayakai kama yalivyo hata siku moja, kwa mgonjwa wala kwa mzima.

Wiki za kwanza kabisa, kinachorudi mara nyingi ni kwa sababu uvimbe umepungua, na seli za pembeni ya kidonda zilizokuwa zimezimia bila kufa zimezinduka. Baada ya hapo inakuja kazi ya polepole. Seli hai za jirani zinachipua vitawi vipya, na njia zilizokuwepo zamani lakini dhaifu, ambazo mama alikuwa hazihitaji, zinaanza kutumika. Wewe wa Mtwara nikueleze kwa mkorosho. Tawi kubwa likivunjwa na upepo halirudi, ila ukipita mwaka wa pili unakuta matawi ya jirani yameijaza ile nafasi ya jua.

Sasa hapo pana jambo ambalo ndugu wa wagonjwa hawapendi kulisikia. Nafasi hiyo inajazwa na kazi inayofanyika. Mwaka 1996 Randolph Nudo na wenzake kule Marekani walichunguza tumbili waliopata kidonda kidogo kwenye sehemu ya ubongo inayoendesha kiganja. Walioachwa bila mazoezi walipoteza hata sehemu ya kiganja iliyokuwa imebaki nzima, bega na kiwiko vikaichukua. Waliofanyishwa kazi ya kuchokoa chakula kwenye vishimo vidogo, sehemu yao ya kiganja ilibaki, na kwa baadhi yao ikapanuka.

Kwa hiyo turudi kwenye kijiko chenu. Mnampenda mama, sina shaka. Ila mtu mwenye kiharusi anajaribu mkono siku za mwanzo, unashindwa, anaaibika, anaacha. Wiki mbili tatu baadaye mkono unaweza kuwa umepata nguvu kidogo na yeye hajui, kwa sababu ameshaacha kuujaribu. Edward Taub, mtafiti wa Marekani, aliyaona haya kwa nyani kwanza, halafu akayapeleka kwa watu. Mkono wenye afya unafungwa ili ule ulioathirika ulazimike kufanya kazi. Matokeo ya jaribio kubwa la njia hiyo yalitoka 2006. Wagonjwa walivaa glavu nene kwenye mkono wenye afya karibu muda wote waliokuwa macho, wiki mbili, huku wakizoezwa kwa saa nyingi, na waliwapita wale waliopata huduma ya kawaida. Sharti lake, lazima mgonjwa awe na uwezo kidogo wa kuinua kiganja na kunyoosha vidole. Mama yako aliyeshika korosho sekunde tatu huenda yumo, lakini apimwe kwanza na mtu anayemwona, mimi simwoni.

Kuhusu kuku: pale mama hakupanga, alishtuka tu na mkono ukatoka. Ulipomwambia arudie akaanza kuufikiria, na hapo aibu ikaingia. Nawaona hao kila wiki.

Cha kuanzia ni ugali. Kama mnakula wa muhogo ni mzuri zaidi, unanata. Mwache amege tonge mwenyewe kwa kulia. Litadondoka. Mwache amege jingine. Wali uache kwanza, unamwagika na unakatisha tamaa. Mkono wa kushoto mfungie kanga wakati wa kula tu. Akisimama au kutembea ifungueni, akianguka ajishike na nini?

Na tafadhali, korosho zenye maganda asiguse bado. Yale mafuta yanachoma ngozi, na mkono wenye ganzi hausikii mpaka umeshababuka. Mpe maharage achambue.

Mkongwe wa Nachingwea

Daktari, kwa heshima. Baba yangu alizoezwa miezi saba, kila siku, mimi mwenyewe nilikuwa namnyoosha vidole. Mkono uko vilevile, umejikunja kama ngumi. Msimpe binti wa watu matumaini ya hewa.

Mazoezi Lindi

Mzee wangu, pole, na huna kosa kusema. Inategemea kidonda kimekaa wapi. Kikiwa juu kwenye ganda la ubongo, majirani wapo. Kikikata ile njia kuu inayoshuka kutoka ubongoni kwenda uti wa mgongo, hata majirani wajifunze namna gani, amri haina pa kupitia, au inapita kidogo sana. Na kumnyoosha vidole wewe kunazuia viungo kukakamaa, hilo ni jema, endelea. Ila wakati unamnyoosha anayefanya kazi ni ubongo wako zaidi kuliko wake.

Mwl wa Newala

Nafundisha baiolojia, niongeze kidogo, maana wanafunzi wangu nao hukariri "seli za ubongo hazizaliwi" wakaishia hapo.

Mtu mzima ana wastani wa niuroni, yaani seli za neva za ubongo, bilioni 86, na karibu zote alizaliwa nazo. Kujifunza kwetu kote, kuanzia kutambaa hadi kubangua, kunafanyika kwenye viungio, yaani sinapsi, na niuroni moja inaweza kuwa na maelfu ya hivyo. Niuroni kwa kawaida hazigusani. Kati ya moja na nyingine pana upenyo wa kama nanomita 20 (nanomita ni sehemu moja ya milioni ya milimita), na ujumbe unavuka kwa kemikali.

Sasa kiungio kinajuaje kwamba kiimarike? Hapa ndipo ninapopapenda. Seli ya kwanza inamwaga kemikali, ni kama mtu anapiga hodi. Upande wa pili kuna milango ya aina mbili. Mmoja unafunguka kwa hodi tu. Wa pili una kizibo cha magnesiamu ndani yake, na hakitoki kwa hodi peke yake. Mpaka mwenye nyumba naye awe ameshaamka, yaani seli ya pili iwe tayari imechangamka, ndipo kizibo kinaruka na kalsiamu inaingia. Hodi na karibu kwa wakati mmoja. Kalsiamu ikiingia, seli inaongeza milango ile ya kawaida, na kesho hodi ndogo inatosha. Hodi ikipigwa bila mtu kuamka, hakuna kinachoongezeka, na viungio visivyotumika hudhoofika, vingine huondolewa kabisa. Ndiyo maana daktari amesema kunyooshwa vidole ukiwa umelala si sawa na kuvinyoosha.

Mwanasaikolojia wa Kanada, Donald Hebb, aliliwaza jambo hili kwenye maandishi mwaka 1949 kabla hapajawa na wa kulionyesha. Mwaka 1973 watafiti Bliss na Lømo wakatangaza waliyoyaona Oslo kwenye ubongo wa sungura. Ukiisisimua njia ya mawasiliano ya seli kwa nguvu kwa muda mfupi, inabaki imara kwa saa nyingi baadaye.

Dada, moja la kutumia. Eric Kandel, aliyepata tuzo ya Nobel mwaka 2000, alifanya kazi na konokono wa baharini. Mafunzo ya mara moja yalisahaulika upesi. Yaliyogawanywa kwa siku kadhaa yalidumu wiki, na alipochunguza alikuta viungio vipya vimeota. Kwa hiyo usimchoshe mama kwa saa tatu Jumamosi. Kidogo kidogo kila siku, na alale vizuri.

Kuhusu Kimakonde: kwa watu wa lugha mbili, kuna ambao hurudiwa kwanza na lugha ya utotoni, wengine ile waliyokuwa wakiitumia zaidi, na wengine zote pamoja. Hakuna kanuni moja. Mama alikuwa akiwahesabia wateja kwa lugha gani?

Binti Mikindani

Mwalimu, wateja ni Kiswahili. Kuku na sisi watoto ni Kimakonde!

Wakuu, narudi na mrejesho. Daktari wa hapa kampima, kasema vidole vinanyooka kidogo, tunaweza kujaribu. Jana mchana nikamfunga kanga mkono wa kushoto. Kanitukana, na kwa bahati mbaya matusi yote yamerudi. Ugali wa muhogo, kisamvu cha nazi. Nikatandika mfuko wa sandarusi juu ya mkeka maana nilijua kitakachotokea.

Tonge la kwanza halikumegeka. La pili likabaki kwenye sahani. La tano likafika kifuani. Mdogo wangu akanyoosha mkono kumsaidia nikampiga jicho. Mama akaacha, akakaa kimya muda mrefu, nikadhani analia. Kumbe anautazama mkono, anafungua na kufunga, kama anavyokagua punje kama imepasuka.

La kumi na moja lilifika. Nusu mdomoni, nusu shavuni. Akatafuna, akameza, akaniambia kisamvu hakina chumvi.

Mzee wa Nachingwea, naomba kujua baba anakula nini na anakaa wapi siku nzima. Tuulize pamoja hapahapa.