Mjadala: Mweusi akisema "niiteni mshairi tu" kawasaliti wenzake?

Wadau, kuna ndugu kaleta hoja ya 1926 ya Langston Hughes, naye mshairi mweusi, kwamba mshairi mweusi wa Marekani anayetaka kuitwa mshairi tu, moyoni anatamani uzungu. Mimi kwa mshairi Robert Hayden, mweusi wa Marekani aliyetaka hivyohivyo, nakataa kabisa.

Huyu mzee kazaliwa Detroit 1913, kakulia Paradise Valley, mtaa wa weusi walalahoi, baadae akafundisha Fisk, chuo cha weusi kule Nashville. Aprili 1966 kukawa na kongamano la waandishi hapohapo Fisk, vijana damu inachemka, mpigania haki za weusi Malcolm X kauawa mwaka jana yake tu, wanataka kila shairi liwe silaha, Hayden akasema yeye ni mshairi ambaye imetokea tu ni mweusi. Wakamshukia vibaya mno. Mshairi mwenzake Melvin Tolson akamjibu kwamba yeye ni mshairi mweusi na hakutokea kwa ajali. Na mwezi huohuo Dakar, kwenye tamasha la sanaa za weusi duniani la Rais Senghor wa Senegal, Hayden huyohuyo akapewa zawadi kuu ya ushairi!

Sasa someni shairi lake Middle Passage, la safari ya watumwa kuvuka Atlantiki, ndo mnijibu. Inaanza na majina ya meli za watumwa, Jesús, Estrella, Esperanza, Mercy, papa wanafuata nyuma vilio vya wanaokufa, halafu anawaacha wauza watu waongee wenyewe, daftari la safari limechanganyika na sala. Hata Cinqué, Mwafrika aliyeongoza uasi wa watumwa kwenye meli ya Amistad 1839, tunamjua kupitia mdomo wa mzungu anayemchukia, na bado ndo anabaki mkubwa kuliko wote mle ndani. Mtu anayeukimbia weusi wake anaandika hivyo kweli?

Siwabezi wa njia nyingine. Mshairi mweusi Gwendolyn Brooks baada ya kongamano la Fisk la 1967 aliacha mchapishaji mkubwa wa New York akahamia Broadside Press ya weusi Detroit, ule ni ujasiri. Mshairi Don L. Lee akawa Haki Madhubuti, na mimi nalipenda sana lile jina. Ila hao walijichagulia wenyewe bana, Hayden alikuwa anachaguliwa njia na wengine, na hapo ndo panaponiuma, coz wazungu walishawapangia weusi cha kuandika miaka na miaka halafu na ndugu zake nao wanampangia?

Anayesema alisaliti alete shairi lake lolote hapa, tulisome mstari kwa mstari.