Tupeane uzoefu: Shameless ilikugusa wapi?

Mwanzisha mada
Ndugu zangu, nazungumzia tamthilia ya televisheni ya Shameless ya Uingereza, iliyorushwa na Channel 4 kuanzia 2004 hadi 2013, wala si ile ya Marekani iliyowahamishia akina Gallagher, familia inayosimuliwa humo, Chicago. Mwandishi wake, Paul Abbott, alizaliwa Burnley katika familia ya watoto wengi. Mama aliondoka, kisha baba, naye akalelewa na dada yake aliyekuwa bado msichana mdogo. Nadhani ndiyo sababu anaweza kuchekesha kwa habari za njaa, wizi na ulevi bila kumdharau mtu. Aliyeitazama atueleze ilimgusa wapi.

Kifungua Mimba
Ilinigusa kwa Fiona, binti mkubwa wa akina Gallagher anayewalea wadogo zake, kwa sababu nami niliachiwa wadogo zangu Tanga kabla sijamaliza shule. Steve, mpenzi wake, anapomletea mashine ya kufulia badala ya maua, mume wangu alicheka sana, lakini mimi niliyefua sare za wadogo zangu usiku na kuzianika bila hakika kama zitakauka, nilimwona Steve kuwa mwanamume mwenye akili timamu, ingawa ni mwizi wa magari.

Mlezi wa Wazee, Manchester
Huku nafanya kazi na watu waliokulia katika nyumba za halmashauri, yaani za kupangishwa na serikali ya mtaa kwa watu wa kipato kidogo, na kuhusu tamthilia hii hawakubaliani hata kidogo. Wengine huitaja kwa fahari; mama mmoja aliniambia kwamba tangu ianze, kila akitaja anapoishi huulizwa kama anaishi kwa ruzuku. Mtaa wa Chatsworth, wa kimaskini, wanakoishi akina Gallagher, ni wa kubuni, na jina lenyewe ni la jumba la fahari la Derbyshire, mzaha ambao wenyeji huuelewa haraka kuliko sisi wageni.

Mtoto wa Mzee
Mimi sikuweza kumcheka Frank, baba mlevi wa akina Gallagher, japo David Threlfall anamwigiza vizuri mno. Baba yangu naye alikuwa mlevi mwenye maneno matamu: majirani walimpenda, vilabuni alishangiliwa, na asubuhi wenye pombe walikuja kutudai sisi watoto. Tamthilia inampa Frank hotuba nzuri kupita kiasi. Ningeendelea kuitazama kwa ajili ya Fiona, lakini naye walimwondoa katika msimu wa pili, na Frank wakambakiza hadi mwisho.