Tupeane uzoefu: Unatazamaje besiboli ya MLB mtandaoni bila kufungiwa mechi wala kuteketeza bando?

Wakuu, msimu wa MLB, ligi kuu ya besiboli ya Marekani na Kanada, una timu 30 na kila timu mechi 162, na kila Machi swali ni lile lile: nilipie nini? Uzi huu ni wa majibu ya kiufundi. Andika ulipo, unatumia nini, bei, na kinachokwama. Mahaba ya timu yana uzi wake.

Mwanzisha uzi, Des Moines

Naanza na MLB.TV, huduma ya ligi yenyewe ya kutazama mechi mtandaoni, kwa sababu ndiyo kila mgeni hukimbilia, na ndiyo watu hulalamikia zaidi kwa kutosoma masharti. Msimu wa 2025 ilikuwa dola 149.99 kwa mwaka au 29.99 kwa mwezi, na bei ya mwaka hushushwa msimu ukisonga. Kinachouzwa pale ni mechi za timu zisizo za eneo lako. Kila timu ina eneo lake la televisheni, na ndani ya eneo hilo haki za mubashara ni za kituo cha timu.

Sasa angalia Iowa. Haina timu hata moja ya ligi kuu, lakini imo kwenye maeneo ya timu sita: Cubs, White Sox, Cardinals, Royals, Twins na Brewers. Ukikaa Des Moines unalipia timu 30 na sita kati yake huzioni mubashara. Las Vegas nako ni sita: Dodgers, Angels, Padres, Giants, Athletics na Diamondbacks. Na kufungiwa kunafuata timu, hakufuati uwanja. Cubs wakienda kucheza na Mets New York, mtu wa Iowa anawakosa Mets pia siku hiyo.

Programu inajuaje ulipo? Simu na tableti husoma GPS. Runinga na vifaa vya kuchomeka kwenye HDMI husoma anwani ya IP ya ruta. Ndiyo maana mechi inaweza kucheza kwenye runinga na kukataa kwenye simu, mko chumba kimoja. Kabla hujatoa kadi, fungua ukurasa wa MLB wa mechi zilizofungwa, andika msimbo wa posta wa mahali unapolala, orodha ya timu inatoka hapo hapo. Ni kazi ya dakika moja na wengi wanairuka.

Kuna kufungiwa kwa aina ya pili, kwa taifa zima: mechi zilizouzwa kwa kituo kimoja tu. Kwa misimu ya 2026 hadi 2028 mgawo ni mpya: NBC na Peacock, huduma yao ya mtandaoni, wana Jumapili usiku, Netflix wana mechi ya ufunguzi na Home Run Derby (shindano la kupiga mipira nje ya uwanja), Apple wamebaki na Ijumaa usiku, FOX na TBS wamebaki na zao, na ESPN ndio wanaouza MLB.TV ndani ya Marekani. Hizo za kipekee huzipati mubashara kwa MLB.TV ukiwa Marekani, na hatua ya mtoano ndiyo usahau kabisa.

Vya bure vipo. Kuna mechi moja ya bure ya siku, inataka akaunti tu bila kadi. Wateja wa mtandao wa simu wa T-Mobile hupewa MLB.TV ya msimu mzima, ila dirisha la kuichukua ni la siku chache karibu na ufunguzi; likifungwa, limefungwa. World Series, yaani fainali ya ligi, iko FOX, na FOX inanaswa kwa antena ya kawaida ya dola 20 au 30. Iweke dirishani, upande wa minara, kisha uiamuru runinga itafute chaneli upya. Runinga iliyosafirishwa kutoka nyumbani haitanasa kitu, maana Marekani wanatumia mfumo wa ATSC na sisi Afrika Mashariki DVB-T2.

Wa Minneapolis

Asante kwa uzi, mkuu. Nyongeza kwa anayetaka timu ya mji anaoishi, maana hapo MLB.TV ya kawaida si dawa.

Kosa kubwa: mtu yuko Minnesota ananunua kifurushi cha timu moja, anachagua Twins, halafu kila mechi imefungwa. Kile kifurushi ni cha walio nje ya eneo. Uliyeko ndani unatafuta bidhaa ya ndani ya eneo. Chanzo cha mabadiliko ni kampuni ya Diamond Sports, iliyoendesha chaneli za Bally Sports, kuomba ulinzi wa mufilisi Machi 2023. MLB ikachukua matangazo ya Padres mwishoni mwa Mei mwaka huo, Diamondbacks wakafuata Julai, kisha Rockies, na 2025 Guardians na Twins. Mechi za timu hizo huuzwa moja kwa moja kwa watazamaji wa eneo lao. Msimu wa 2025 ilikuwa dola 19.99 kwa mwezi au 99.99 kwa msimu, bila kufungiwa kwa eneo. Zile za kipekee za kitaifa bado hazimo.

Timu nyingine zina programu zao. Red Sox wako NESN 360, tangu 2022. Anayefuata Yankees aanzie YES, kituo cha timu hiyo. Kabla ya kujiunga na televisheni ya mtandaoni kama YouTube TV, andika jina la kituo cha timu yako kwenye orodha yao ya chaneli, kwa msimbo wako wa posta. Usidanganyike na neno "michezo" kwenye tangazo. Kifurushi kinaweza kuwa na chaneli mia na kile kimoja unachokitaka hakimo.

Wa Toronto

Fupi tu: Kanada nzima ni eneo la Blue Jays, kuanzia Halifax hadi Vancouver. Kwa Jays ni Sportsnet+, huduma ya mtandaoni ya kituo chao. MLB.TV huku inamfaa asiyejali Jays.

Wa Dar es Salaam

Sisi tulio nje ya Marekani na Kanada tumeponea hapo. Ukiwa Tanzania hakuna timu yenye eneo hapa, kwa hiyo mechi za msimu karibu zote zinafunguka, na hatua ya mtoano pia ni mubashara. Adui wetu ni saa.

Kanuni rahisi ni hii, na inafanya kazi kwa sababu tunahesabu saa kwa Kiswahili. Chukua saa ya New York, jumlisha moja, umepata saa yetu. Mechi ya 7:05 jioni ya kwao ni saa 8:05 usiku kwetu. Ya 1:05 mchana ni saa 2:05 usiku, hiyo ndiyo ya mtu mwenye kazi kesho. Kwa saa ya Chicago jumlisha mbili, Denver tatu, Los Angeles nne: 7:10 ya Los Angeles ni saa 11:10 alfajiri, unaitazama ukinywa chai. Phoenix haibadilishi saa, kwa hiyo kiangazi hesabu kama Los Angeles.

Angalizo mawili. Kanuni inashika kuanzia Jumapili ya pili ya Machi, Marekani wakisogeza saa mbele. Mechi za mazoezi za Februari ongeza moja zaidi. La pili ni tarehe: mechi iliyoandikwa Jumamosi 7:05 jioni ni usiku wa kuamkia Jumapili. Ukiweka kengele Jumamosi saa nane usiku kwa kalenda ya simu, umeamka siku moja kabla.

Usiyeweza kukesha, tafuta mechi za mchana. Cubs ndio wenye nyingi; Wrigley Field haikuwa na taa hadi Agosti 1988, na desturi ya mchana imebaki. Mechi yao ya 1:20 kwa saa ya Chicago ni saa 3:20 usiku huku. Jumapili karibu timu zote za mashariki hucheza mchana.

Na ukitazama marudio asubuhi, zima arifa kwanza, kisha washa mpangilio wa kuficha matokeo. Hata hivyo menyu ya inningi (vipindi vya mechi, kwa kawaida tisa; mgeni hupiga nusu ya kwanza, mwenyeji ya pili) inaweza kukuchoma: ukiiona ina inningi ya 11 umeshajua walitoka sare baada ya tisa, na kama nusu ya pili ya inningi ya tisa haipo, mwenyeji ameshinda. Bonyeza cheza kutoka mwanzo, usiguse menyu.

Wa Nairobi

Hesabu ya bando, maana hapa ndipo pesa inapopotea kimyakimya. Kasi ya Mbps 1 kwa saa moja ni MB 450. Tangu saa ya mrushaji, inayombana arushe mpira ndani ya sekunde chache, iingie 2023, mechi ya inningi tisa huchukua kama saa 2 na dakika 40. Kwa Mbps 3 hiyo ni GB 3.6. Kwa Mbps 5 ni GB 6. Timu moja kwa mwezi ni mechi 26 hivi, kwa hiyo bando la simu la kila siku ni hasara. Kama unafuata kila mechi tafuta intaneti ya nyumbani isiyo na kikomo.

Acha nafasi ya ziada pia. Mechi ya tatu ya World Series, Oktoba 2025, Dodgers na Blue Jays, ilikwenda inningi 18, saa 6 na dakika 39. Huku ilianza saa tisa usiku ikaisha karibu saa nne asubuhi. Kwa Mbps 3 ni kama GB 9. Aliyenunua bando la GB 5 hakumwona Freeman wa Dodgers akipiga mpira wa mwisho wa ushindi.

Picha hupanda na kushuka ubora yenyewe kulingana na kasi inayoikuta, ndiyo maana kwenye 5G inakula kama moto wa kifuu. Njia ya uhakika ya kuibana ni kwenye ruta: ingia mipangilio, tafuta QoS au ukomo wa kasi kwa kifaa, ipe runinga Mbps 3. Usishuke sana. Mpira wa kilomita 153 kwa saa humfikia mpigaji kwa kama sekunde 0.4, kwa picha 60 kwa sekunde unaona picha 24 za safari yake, kwa 30 unaona 12 tu. Ubora ukishuka mpira unatoweka, unabaki kumwona mtu anatikisa fimbo hewani.

Bando likiwa dogo, sikiliza redio. Kifurushi cha sauti cha MLB ni kama dola 30 kwa mwaka, na hakifungiwi kwa eneo hata ukiwa Iowa. Kwa kbps 64 mechi nzima ni MB 77. Ifungue sambamba na Gameday, ile ya maandishi inayoonyesha kila mpira ulipopita, ambayo ni bure.

Picha ikigoma, fuata mpangilio huu: zima VPN, funga programu kabisa, washa upya ruta, kisha sasisha programu. VPN naiweka mwanzo kwa sababu. Ile ya kazini iliyosahaulika kwenye simu, yenye seva Marekani, inaifanya programu ikuone uko Virginia na ikufungie mechi ambazo Nairobi ziko wazi. Na kwa wanaoitaka kwa makusudi ili kukwepa eneo lao: masharti yanaikataza, na anwani nyingi za VPN zinajulikana na kuzuiwa. Mnaotumia setilaiti, jueni anwani ya IP inaweza kusomeka mji mwingine. Angalieni kwanza kwenye tovuti yoyote ya kuonyesha IP.

Wa Muscat

Huku New York unajumlisha mbili, wenzangu. Saa 9:05 usiku si saa ya mtu anayeingia kazini saa moja.

Ukipenda besiboli kuliko MLB yenyewe, tazama Japani. Pacific League ni mojawapo ya ligi mbili za juu kule, nyingine ni Central League; Pacific League TV inauzwa nje ya Japani na inaonyesha timu sita za ligi hiyo. Mechi za jioni za saa 12 kwao ni saa 6 mchana Dar na saa 7 mchana hapa. Matangazo ni Kijapani, ila ubao wa matokeo unasomeka: herufi B, S na O ni mipira mibaya, mapigo yaliyokosa na waliotolewa. Timu za Central League, kama Yomiuri Giants na Hanshin Tigers, utaziona tu zikicheza ugenini kwa timu ya Pacific.

Wa Kampala

Msisahau ligi ndogo. Wenye MLB.TV wanazipata mechi nyingi za ligi ndogo ndani ya malipo yale yale, na huko ndiko waliko vijana wetu, kama David Matoma aliyesajiliwa na Pittsburgh Pirates. Ukimfuata mrushaji, usifungue mechi kwa kubahatisha. Tazama kwanza ukurasa wake wa takwimu, uone amerusha lini. Anayeingia katikati ya mechi huwa hatumiki kila siku. Viwanja vingine vina kamera moja au mbili tu, na kuna vinavyotoa sauti pekee. Picha ikiwa mbaya kule, si mtandao wako.

Mwanzisha uzi, Des Moines

La mwisho ni makato ya kadi. Usajili wa mwaka hujirudia wenyewe kabla ya msimu mpya, hivyo weka kumbukumbu ya simu mwanzoni mwa Februari. Ulikolipia ndiko unakoghairia: kama ilikuwa kupitia Roku (kifaa cha runinga), Apple au Google, kitufe cha kughairi kiko kwao, na kukitafuta kwenye tovuti ya MLB ni kupoteza muda. Kufuta programu kwenye simu hakusitishi chochote. Na mechi iliyofungwa kwa eneo lako, kama ya Cubs kwangu Iowa: marudio yake hufunguliwa kama dakika 90 baada ya mpira wa mwisho.