Yule muuza sensa wa ghorofa ya pili kaniambia nitoe ULIMI nje

Kipimaupepo (mleta uzi): Wakuu, naandika nikiwa kwenye daladala, mikono inatetemeka. Mnamjua, sina haja ya kumtaja. Yule wa Kariakoo mwenye feni inayonguruma kama mashine ya kusaga.

Kaniuzia "BME280", sensa ya kupima joto, mgandamizo wa hewa na unyevu, ya kituo changu cha hali ya hewa. Nimepiga solda usiku kucha. Joto linasoma, mgandamizo wa hewa unasoma, unyevu SIFURI. Dar hii ambayo chumvi inageuka uji mezani! Sahara yenyewe ingeona aibu. Kuisoma namba ya chipu: 0x58. Yaani BMP280, haipimi unyevu hata uitie mtoni. BME halisi hujibu 0x60.

Nimerudi kwa adabu zangu zote. Hata hakuinua macho kwenye simu: "Unyevu? Si utoe tu ulimi nje." Duka zima kicheko. Hadi mama aliyefuata rimoti kacheka. Mimi niliyejitengenezea kipima mvua, kibakuli kikipinduka sumaku inapita kwenye swichi nahesabu milimita 0.2, naambiwa ULIMI!

Solda Moto: BMP ni mstatili, BME ni mraba. Ungeangalia kabla ya kulipa. Toa tu ulimi.

Bibi Mvua: Nimefungua uzi nikijua sensa ya watu na makazi 😂

Mzee wa Mabati: Si wewe uliyefunga kipimajoto juu ya bati ukatutangazia Dar imefika nyuzi 51?

Kipimaupepo: Yale yalikuwa majaribio. Siku hizi nina kibanda cheupe chenye matundu ubavuni. Tusitoke kwenye mada. Ulimi, wakuu. Mbele ya watu!

Waya Mwekundu: Huo utoto. Mimi huyohuyo kanipiga betri ya 18650, zile za kuchaji za ndani ya laptopu, imeandikwa ujazo wa mAh 9900. Hata zile nzuri, nyingi zinaishia 3500 na ushee. Yangu nimeipima: 800.

Solda Moto: 800 una bahati. Yangu ilikuwa nyepesi kama bisi.

Kipimaupepo: Jamani, ulimi...

Bibi Mvua: Wa 800, uliipimaje? Mimi ninazo sita za laptopu mbovu.

Waya Mwekundu: Kuna chaja yenye kioo inaonyesha. Naiuza, niko Tabata.

Mzee wa Mabati: Bei?

Waya Mwekundu: Njoo PM.